Tupeane uzoefu: "ultra soul" ya B'z ilikukuta wapi?

Mwanzisha uzi:
Wakuu, habari za jioni. Juzi nilikuwa natazama kuogelea na kijana wangu, nikajikuta nimenyanyuka kwenye kochi napiga kelele "Hai!" Akaniuliza, baba vipi? Najua humu tuko wengi tuliopita Japani, kwa hiyo tusimuliane.

Kwa asiyewajua, B'z ni bendi ya roki ya Kijapani, watu wawili tu: Tak Matsumoto anapiga gitaa, Koshi Inaba anaimba. Wako pamoja tangu 1988. "ultra soul" ilitoka Machi 2001, ikawa wimbo wa matangazo ya televisheni ya mashindano ya dunia ya kuogelea kule Fukuoka, yale ambayo Ian Thorpe aliondoka na dhahabu 6.

Mimi nilifika Fukuoka miaka mingi baadaye, kusoma uzamili. Maabara ilikuwa salamu asubuhi, kisha kimya hadi usiku. Miezi mitatu hivyo hivyo, nikadhani hawanitaki. Mwisho wa mwaka tukaenda karaoke. Sensei wetu, yaani profesa, mzee ambaye sikuwahi kuona meno yake, akalegeza tai, akashika maiki, akaanza "ultra soul". Jina la wimbo likitajwa tu, chumba kizima kinaruka, ngumi juu: "Hai!" Mara ya kwanza nilichelewa. Mara ya pili niliruka nao. Sensei akanisogezea maiki nyingine bila kuacha kuimba. Jumatatu akaja mezani kwangu na kahawa mbili za kopo, akaniuliza Iringa kuna baridi kiasi gani.

Mchangiaji, Osaka:
Huku usiseme vibaya kuhusu Matsumoto, ni mtoto wa Toyonaka, hapa hapa. Chuo Kikuu cha Osaka wanafundisha Kiswahili, na nilikuwa nawasaidia wanafunzi mazungumzo. Siku moja nikawaambia kwetu "hai" ni mwenye uhai, mzima. Wao wanajua ni "ndiyo". Binti mmoja akaacha kuandika, akasema basi ule wimbo sasa nitauimba kwa Kiswahili. Nimeukumbuka uso wake mpaka leo.

Mchangiaji:
Mimi ni "LOVE PHANTOM" ya 1995. Zile fidla za mwanzo, zaidi ya dakika nzima kabla hajaimba neno! Ila endeleeni.

Mchangiaji, Dar:
Wakuu, mimi Japani sijafika. Natoa magari yaliyotumika Japani bandarini. Ukiwasha gari, yule dada wa sauti ya kurekodiwa anaanza kwa Kijapani na habari zake za kadi ya kulipia barabara, redio nayo inagota FM 90, hushiki stesheni nyingi za hapa. Mwaka 2014 nilikuta CD ndani ya Noah. Nikaisikiliza kwenye foleni yote mpaka Mbagala, na wimbo wa tatu nikaurudia sijui mara ngapi. Mama yangu alikuwa amelazwa kipindi kile, ndio ulikuwa unanifikisha hospitali nikiwa na nguvu. Jina sikulijua. Leo nimesoma hapa, nimeutafuta mtandaoni, ndio wenyewe. Nimesimamisha gari pembeni naandika.

Mwanzisha uzi:
Pole sana kaka. Mama anaendeleaje? Na CD bado unayo?

Mchangiaji, Dar:
Mama mzima, namshukuru Mungu. CD ninayo nyumbani. Juu imeandikwa kwa kalamu, mistari miwili ya Kijapani, sijui inasemaje.

Mwanzisha uzi:
Ukifika piga picha uiweke hapa. Nitakusomea.