Kinyonga wa pembe tatu amekataa kula, naomba ushauri

BiKasese:
Ndugu wana jukwaa, hamjambo. Nina kinyonga wa pembe tatu, wa aina inayopatikana kwenye miteremko ya Rwenzori, ambaye leo ni siku ya nne hajala kitu. Nimewawekea panzi na nzi, na bakuli la maji safi halikauki, lakini anafumba macho hata mchana na rangi yake ya kijani imekuwa kama majivu. Naomba mwenye ujuzi aniambie nimpe nini apate nguvu, kwa maana sitaki afie mikononi mwangu.

Hajati_Mbarara:
Dada, pole sana. Hata hivyo ninalotaka kujua ni kwa nini umemweka nyumbani. Marehemu bibi yangu alikuwa akikutana na kinyonga njiani hugeuka na kurudi nyumbani, na safari ya siku hiyo ikaishia hapo.

Mwalimu_FortPortal:
Bakuli halitamsaidia, kwa sababu kinyonga hulamba matone yaliyo juu ya majani na kwa kawaida hayatambui maji yaliyotulia. Nyunyizia majani maji asubuhi na jioni. Kufumba macho mchana ni dalili mbaya, na mnyama wa mlimani, aliyezoea ubaridi na ukungu, huteseka upesi kwenye joto. Sasa nikuulize, dada: umeandika "nimewawekea", hukuandika "nimemwekea". Wako wangapi, na wanakaa wapi?

Babu_Arua:
Nilipokuwa mtoto, mimi na wenzangu tulimtia kinyonga tumbaku mdomoni ili tuone atageuka rangi gani. Aligeuka mweusi, akatetemeka, akafa. Nina wajukuu sasa, na bado namkumbuka alivyolishika tawi kwa mkono mmoja hadi mwisho. Binti yangu, mjibu Mwalimu.

BiKasese:
Walikuwa kumi na wanne, na watatu wamekwisha kufa. Wako ndani ya sanduku la mbao lenye wavu, katika stoo yangu ya mabati hapa mjini Kasese. Mpwa wangu na rafiki zake waliwakusanya juu ya Kilembe, kwa ajili ya mnunuzi kutoka Kampala atakayekuja Jumamosi. Alinitangulizia shilingi laki nne, nami nimezitumia kukarabati nyumba, ambayo tangu mafuriko ya mto Nyamwamba ya mwaka 2020 haijasimama sawasawa.

Msinihukumu kabla ya kunisikiliza. Sikuiba mbuzi wa mtu. Vinyonga hawa huko juu watoto huwapiga mawe na watu wazima huwakimbia, kwa hiyo nilidhani ni heri waende kwa mtu atakayewathamini. Jambo jingine ni kwamba wawili wasio na pembe wanakwaruza pembe ya sanduku usiku na mchana, na mpwa wangu anasema wanatafuta mahali pa kutaga mayai.

Mkulima_Nyeri:
Hapo ndipo hadithi hii inapovunjika. Nimeishi na vinyonga wa pembe tatu kwenye ua wa shamba langu miaka yote, na najua kwamba hawatagi, bali huzaa watoto walio hai, nami nimewaona kwa macho yangu. Mwandishi alianza na mmoja, wakawa kumi na wanne, na sasa wana mayai. Naamini kisa hiki kimetungwa.

Kijana_Bwera:
Nami nilishaanza kuingiwa na shaka. Mtu aliyeficha idadi anaweza kuficha mengine.

Mwalimu_FortPortal:
Ndugu wa Nyeri anasema kweli kuhusu kinyonga wa kwao, ila huyu ni mwingine. Wa Kenya na Tanzania amepewa jina la Jackson, ambaye baadaye alikuwa gavana wa Uganda, naye huzaa watoto hai. Wa Rwenzori amepewa jina la Harry Johnston, aliyekuwa kamishna maalumu hapa Uganda kuanzia mwaka 1899 hadi 1901, naye hutaga mayai ardhini. Madume ndiyo yenye pembe tatu, majike hayana. Mtu anayetunga kwa kunakili mtandaoni angeandika habari za yule wa Jackson, kwa kuwa ndiye anayejulikana zaidi. Mimi namwamini dada.

Kwa sababu namwamini, sitamficha lililo zito. Kwa Sheria ya Wanyamapori ya mwaka 2019, wanyama hawa wako chini ya umiliki wa Serikali kwa niaba ya wananchi, na biashara yao bila kibali ni kosa. Kuwapeleka nje ya nchi kunadhibitiwa pia na CITES, mkataba wa kimataifa wa biashara ya wanyama na mimea ya porini iliyo hatarini. Huyo mnunuzi amekuonyesha kibali?

Mkulima_Nyeri:
Kuhusu mayai nimeelewa, na namwomba dada radhi.

BiKasese:
Hajanionyesha karatasi yoyote. Nimefikiria niwarudishe nusu, kisha nimpe nusu iliyobaki ili deni lipungue, kwa sababu laki nne sina. Tena nikienda kwa Mamlaka ya Wanyamapori, si watanikamata mimi, na mnunuzi aendelee na safari yake?

Hajati_Mbarara:
Dada, deni la fedha hulipwa kidogo kidogo. Hao watatu waliokufa utawalipa kwa nini?

Mwalimu_FortPortal:
Siwezi kukuahidi watakalosema maafisa, lakini kwenda kwao mwenyewe kabla ya Jumamosi ni tofauti kabisa na kukutwa na sanduku. Wape na namba ya mnunuzi. Kwa leo, watoe kwenye mabati, uwaweke kivulini penye hewa, na majike uwape ndoo yenye udongo laini wenye unyevu, wenye kina cha kutosha kuchimba. Jike akikosa pa kutagia, mayai humkaa tumboni na kumuua.

BiKasese:
Nimewahamishia chini ya mwembe na kunyunyizia majani, na dume mmoja amefumbua macho, akalamba. Alfajiri hii jike mmoja ametaga ndani ya ndoo mayai kumi na mawili. Mpwa wangu amekubali tufuatane ofisini asubuhi hii, akaonyeshe mahali alipowatoa. Mayai niyabebe vipi?

Mwalimu_FortPortal:
Yaache ndani ya udongo wake na usiyageuze hata moja. Ndoo uipakate mwenyewe, na dereva wa boda boda aende polepole.