Tupeane uzoefu: maiki ya kompyuta imekataa kutoka myuti na watu wanangoja uongee

Jadala_Ksm
Wasee na wamama wa hapa, leo nataka tuongee hii kitu ya maiki ya kompyuta. Unabonyeza kile kialama kwa mkutano kinarudi na ule mstari mwekundu, ama kinafunguka vizuri kabisa na bado watu wanakuandikia "hatukuskii". Hapa Kisumu mimi hupigiwa simu sana na watu wako tayari ndani ya mkutano, jasho inatoka, na huwa naanza na swali moja tu: imekataa kwa huo mkutano peke yake ama imekataa kwa kompyuta yote? Kujua si kazi. Windows iko na programu yake ya kurekodi sauti, kwa Windows 10 inaitwa Voice Recorder na kwa 11 ni Sound Recorder, fungua, sema chochote, jiskize. Ukijiskia basi maiki ni nzima, shida iko kwa Zoom ama Meet ama Teams ama brauza, usiguse draiva (ile programu ya kuendesha kifaa). Usipojiskia ndio unaanza kushuka kwa setingi na vifaa. Watu wanaruka hapo wanakimbilia kutoa Zoom na kuiweka upya, bando inaisha na maiki bado iko kimya.

Haya leteni zenu, ilikushikia wapi na ikafunguka aje.

mwana_wa_Webuye
Yangu ilikuwa mkutano wa matanga na karibu ilete vita kwa familia. Tulifiwa na kuka, yaani babu yetu, watoto wake wako kila mahali, wengine Nairobi, wengine Eldoret, na kuna binamu yetu yuko Marekani ndio alifungua Zoom sababu ati yeye ndio anajua hizi mambo. Tukaingia jioni. Mara kuku, mara TV ya mtu iko taarifa, mara shangazi yetu analia na maiki iko wazi, basi binamu akaona hii haiendi, akafunga maiki za watu wote na akatoa ile ruhusa ya mtu kujifungulia mwenyewe. Hakutuambia.

Sasa ikafika zamu ya baba mkubwa, ndiye kifungua mimba na kwetu hakuna siku ya mazishi inatajwa kabla yeye aongee. Niko kando yake na laptopu yangu, nabonyeza kialama, inaniambia host (mwenye mkutano) amekufunga huwezi kujifungua. Nabonyeza tena, hivyo hivyo. Mzee ananiangalia, anaangalia skrini, anaona mdomo wa binamu unaendelea kupanga bajeti ya hema na viti, akasema kwa sauti ya chini, "kumbe huyu mtoto ameninyima kuongea kwa kifo cha babangu mwenyewe." Watu wa Bungoma mnajua hiyo sentensi ikitoka kwa nyumba ikafika kwa wazee wa ukoo itarudi na nini.

Nikainua mkono kwa Zoom, ile ya kubonyeza. Binamu akaona, akaandika "nimefungulia baba mkubwa", lakini bado kimya. Hapa ndio watu wengi hawajui: host hawezi kukufungulia maiki yako hivi hivi akiwa huko kwake, anaweza tu kukuomba ufungue. Kunatokea kisanduku kwa skrini yako kinauliza kama unakubali, usipobonyeza wewe mwenyewe utakaa myuti hadi mkutano uishe. Kisanduku chetu kilikuwa kimetokea nyuma ya picha ya kuka yenye mtu alikuwa amefungua hapo. Nikabonyeza, mzee akaongea, na hakuongea kidogo. Ilikuwa Zoom ya bure ya dakika 40 ikakata akiwa katikati ya historia ya shamba, tukaingia tena kwa linki mpya akaendelea penye aliachia.

Tangu siku hiyo mkutano wowote wa familia host anaambiwa mapema: ukifunga maiki za watu, tangaza.

karani_Kakamega
Hiyo ya host iko hata kwa kesi. Mimi niko kwa ofisi ya wakili, na tangu 2020 kesi zilipoanza kusikizwa kwa mtandao kazi yangu nusu ni maiki. Kwa Teams mwenye mkutano akizima maiki za waliohudhuria utaona kialama chako kimefifia, hakibonyezeki kabisa, na hapo usihangaike na kompyuta, inua mkono ungoje. Kikiwa hakijafifia na kinabonyezeka lakini hamna sauti, basi ni ya kwako. Tofauti ni hiyo tu. Njia ya haraka ya kujaribu ni Ctrl na Shift na M pamoja, kwa Zoom ni Alt na A, kwa Meet ni Ctrl na D.

mama_kiamunyi
Woi hiyo ya matanga imenimaliza. Yangu ni ya kazi. Mimi hufundisha Kiingereza kwa mtandao niko hapa Nakuru, wanafunzi wako nje, masaa yao ni ya usiku wetu. Siku moja naingia darasani mtoto ananipungia mkono, naongea, haskii. Zoom inaonyesha maiki iko wazi, hakuna mstari mwekundu, nimetoka nimeingia, nimebadilisha maiki kwa ile orodha ndogo kando ya kialama, hakuna. Nikaona kwa kibodi kwa ile F4 kuna taa ndogo inawaka rangi ya machungwa. Nikafikiria taa ikiwaka maana yake inafanya kazi, si kamera ikiwaka taa ndio inapiga picha? Kumbe kwa maiki ni kinyume, taa ikiwaka ndio imezimwa! Kitindamimba wangu alikuwa amekaa hapo mchana akicheza mwalimu. Nilibonyeza F4 mara moja taa ikazima na mtoto wa watu akaanza kucheka.

Mwenye alitengeneza hiyo ya taa sijui alikuwa anafikiria nini aki.

Jadala_Ksm
Mama Kiamunyi hiyo weka alama kubwa kila mtu aone. Kwa laptopu zingine haiko F4, iko F8 ama F9, tafuta tu kile kipicha cha maiki chenye mstari, na kama ukibonyeza hakuna kitu shikilia Fn kwanza. Hiyo batani inazima maiki nje ya Zoom, kwa hivyo Zoom inaweza kuonyesha iko wazi na bado iko kimya.

dada_wa_saiba
Niko saiba Kondele. Kwetu tuko na kompyuta za meza, hazina maiki ndani, na kila wiki anakuja kijana ana intaviu ya kazi na ameshika earphone za simu mkononi. Anachomeka tundu la kijani, anaskia vizuri, akiongea hakuna. Angalia ule mdomo wa waya: earphone ya simu iko na pete tatu nyeusi, inabeba sauti na maiki kwa waya moja. Kompyuta ya meza ya zamani imetenganisha, kijani ni ya kuskia na pinki ni ya maiki. Ukichomeka kijani maiki yako haijafika mahali popote, na ukihamisha pinki hutaskia wenzako. Dawa ni ile splita yenye inagawa mara mbili, ni pesa kidogo tu kwa maduka ya simu, ama uwe na hedseti ya USB.

Kuna kijana mmoja nitamkumbuka, amevaa tai na koti na joto la Kisumu hivyo, intaviu ilikuwa inaanza na splita yetu mtu alikuwa ametembea nayo. Tukamwingiza kwa kompyuta apate picha na kuskia, halafu akaongea kwa simu yangu kwa linki ile ile huku sauti ya kompyuta tumeizima. Sijui kama alipata kazi lakini waliongea naye muda mrefu.

fundi_58
Niko Section 58 Nakuru, laptopu ndio mkate wangu, na nitawapa ile yenye inasumbua watu kuliko zote na hakuna mtu huitaja. Hizi laptopu za ex-UK. Ni mashine nzuri, nyingi zilikuwa za maofisi huko Uingereza, na ofisi zingine hazitaki maiki kabisa kwa sababu za siri zao, kwa hivyo mtu wao wa IT anaizima kwa BIOS. Si kwa Windows, ni chini ya Windows, kabla Windows haijaamka. Sasa mashine inafika hapa, inawekwa Windows safi, unanunua, na maiki haionekani mahali popote.

Dalili yake ni hii. Bonyeza kitufe cha Windows na R, andika mmsys.cpl, enda penye pameandikwa Recording. Maiki ikiwa hapo na iko myuti, hiyo ni rahisi, bonyeza mara mbili uende Levels, ukiona kipaza sauti na duara jekundu kibonyeze litoke. Ikiwa haionekani, bonyeza panya upande wa kulia kwa nafasi nyeupe uchague Show Disabled Devices, mara nyingi itatokea imefifia, iwashe. Lakini kama bado hakuna kitu, hata ukiweka draiva upya hakuna, usiumie na draiva. Zima, washa ukiingia BIOS, kwa ThinkPad ni F1 na uende Security halafu I/O Port Access, kwa Dell ni F2 na utafute Audio. Utaona Microphone iko Disabled. Washa, hifadhi, umemaliza.

Kuna mama alileta moja kutoka Njoro, alikuwa ameambiwa mahali ati ubao mama umekufa na bei ya kubadilisha ilikuwa inakaribia ile ya laptopu yenyewe. Nilipoingia BIOS maiki ilikuwa imezimwa kama nilivyodhani, lakini kulikuwa na paswadi ya ofisi ya huko ng'ambo kwa hivyo unaona tu, huwezi kubadilisha. Nikamwambia nunua hedseti ya USB, hiyo inakuja na kadi yake ya sauti ndani na haipitii maiki ya laptopu. Ilishika hapo hapo. Kwa hivyo ukienda kununua ex-UK rekodi sauti yako dukani kabla pesa itoke mfukoni, na uulize kama BIOS iko na paswadi. Muuzaji akianza kuongea na macho pembeni wewe toka.

Ahero_1
Mimi ni Windows 10 na Zoom, Settings, Privacy, Microphone, niliwasha ile ya juu na Zoom haikuwa kwa orodha kabisa. Shuka chini zaidi, kuna swichi ya pili ya desktop apps, Zoom ya kupakua kwa mtandao iko chini ya hiyo. Imewashwa ikakubali. Ni hayo tu.

mlinuksi_Maseno
Sisi wa Ubuntu, wenye tunatumia Linux badala ya Windows, tunakumbukwa lini. Fungua teminali, andika alsamixer, bonyeza F4 uone upande wa kurekodi, nenda kwa Capture, bonyeza spesi hadi neno CAPTURE litokee jekundu. Kama ni MM basi bonyeza M.

kijana_Luanda
Kwa Meet mtu akishawahi kubonyeza "zuia" brauza inakumbuka milele. Enda kwa anwani ya tovuti juu, zamani kulikuwa na kufuli, Chrome iliitoa 2023 ikaweka kialama cha vijiti viwili vyenye vitufe, bonyeza hapo urudishe ruhusa ya maiki halafu urefreshi ukurasa. Bila kurefreshi haishiki.

Busia_mpakani
Saidieni, niko ndani ya mkutano wa chama saa hii. Earphone za Bluetooth, zinaskika vizuri, maiki hapana. Shemeji yangu hapa anasema nipige Windows chini niweke mpya.

fundi_58
Mwambie shemeji apumzike kidogo. Kuweka Windows mpya kwa sababu ya maiki ni kuchoma nyumba uue panya. Enda kwa Zoom, mshale mdogo kando ya maiki, chagua ile yenye imeandikwa Hands-Free. Muziki utaskika vibaya ghafla, usishtuke, Bluetooth ikibeba maiki inashusha ubora wa sauti. Ikikataa chagua maiki ya laptopu yenyewe na uendelee kuskia kwa earphone. Na kama umekuwa ukizima na kuwasha, jaribu Restart badala ya Shut down, Windows ya siku hizi ukiizima mara nyingi inalala na draiva zake kichwani, Restart ndio inaziamsha upya.

Busia_mpakani
Hands-Free haikuwa kwa orodha. Nimefuata ile ya mmsys, imetokea imefifia, nimeiwasha, vistari vya kijani vinapanda nikiongea. Wananiskia! Lakini sasa mweka hazina analalamika ati kuna mwangwi, kila neno linarudi mara mbili.

dada_wa_saiba
Uliingia na simu pia wakati laptopu ilikuwa imekataa?

Busia_mpakani
Ndio, iko mezani.

dada_wa_saiba
Toka kwa hiyo ya simu.