Kadi inagoma kwenye duka la gemu, na hela ipo

Kutoka: Mama Pacha, Leicester. Jumamosi, saa 4 usiku

Shikamooni wakubwa, wadogo hamjambo.

Nimekaa na kadi mkononi tangu magharibi. Wanangu pacha wametimiza miaka 12 leo, na zawadi waliyoomba ni gemu la mpira, toleo jipya, lile la kupakua, si la diski. Nikaona hilo jepesi. Nikiingiza namba za kadi duka linajibu: malipo hayakufanikiwa, hakiki taarifa zako. Nimehakiki hadi macho yanauma. Jina ni langu, tarakimu zote 16 zipo, tarehe haijapita. Hela ipo, maana mchana nimenunulia kadi hiyohiyo nyama ya mbuzi na mchele. Nimejaribu mara nane. Nikachukua kadi ya baba yao, mara tatu, nayo imegoma.

Kwenye programu ya benki naona pauni 1 imeshikiliwa mara mbili, sijui ya nini. Nimepiga simu benki, nikasikilizishwa muziki dakika 40, dada aliyepokea akasema kwao hakuna tatizo, niwaulize duka. Duka wanasema niulize benki. Pacha wananitazama kama nimewanyima kusudi.

Nani ameshapita hapa?

Kutoka: Babu wa Rotterdam. Jumamosi, saa 5 usiku

Marahaba mwanangu. Kwanza weka kadi chini, na usiiguse mpaka kesho. Ukijaribu mara kumi na moja ndani ya saa mbili, mashine za duka hazioni mama mwenye sherehe, zinaona mwizi anayepima kadi za watu. Steam, lile duka la gemu za kompyuta, kwa mfano, hukuandikia kabisa kwamba umejaribu mara nyingi mno, subiri kwanza. Hata kosa la mwanzo likipona, utaendelea kukataliwa kwa sababu ya yale majaribio.

Wape keki, walale.

Kutoka: Dada wa Minneapolis. Jumapili, saa 1 asubuhi (kwenu mchana)

Habari zenu. Nilikaa miaka sita kwenye dawati la kadi la benki moja kabla sijahamia kazi ya hospitali, kwa hiyo simu kama ya Mama Pacha nilipokea kwa mamia.

Kitu cha kwanza ni kujua nani amesema hapana. Watu wakisikia "kadi imekataliwa" wanadhani ni benki tu. Benki ikikataa, jibu lake husafiri na namba fupi: 51 ni salio halitoshi, 54 kadi imepitwa na wakati, 05 ni hapana isiyo na maelezo, ndiyo inayoudhi kuliko zote. Duka huiona namba hiyo, wewe huonyeshwi, unaandikiwa sentensi moja ya jumla. Lakini kuna hapana nyingine ambayo ni ya duka lenyewe, na benki hata haina habari.

Sasa Mama Pacha, yule dada wa benki alisema haoni *tatizo*, au alisema haoni *jaribio*? Mpigie tena umuulize hivi: je, malipo ya bei kamili ya gemu yalifika kwenu? Nakubashiria atasema hapana. Hizo pauni 1 mbili ni duka likibisha hodi kuona kama kadi ni hai. Benki ilifungua mlango mara zote mbili. Halafu duka likageuka likaondoka.

Dalili nyingine: je, ulipata ujumbe wa kuthibitisha? Uingereza tangu tarehe 14 Machi 2022 benki zinatakiwa kuhakikisha kwamba anayelipa mtandaoni ni mwenye kadi, ndiyo maana siku hizi simu inalia "idhinisha" unaponunua hata sidiria. (Ulaya bara walianza mapema zaidi.) Kama simu haikulia hata mara moja katika mara kumi na moja, huenda malipo hayakufika benki.

Duka hugeuka kwa sababu gani? Mara nyingi ni anwani. Unapoandika mahali unapoishi, duka huuliza benki: je, mnamjua mtu huyu akiishi hapa? Hapa Marekani hulinganishwa namba ya nyumba na postikodi. Kwenu Uingereza, kwa sababu postikodi ina herufi, huchukuliwa tarakimu zake tu. Benki inaweza kujibu "hela ipo, lakini anwani siyo", na hapo duka lina hiari ya kukataa. Sisi watu wa kuhama ndio hapa tunapofia. Umehama lini?

Kingine nisije nikasahau: usiende kudai benki ikurudishie hizo pauni 1. Zitaachiwa zenyewe baada ya siku chache. Ukifungua malalamiko rasmi kwamba hukulipa wewe, duka linaweza kufunga akaunti nzima pamoja na gemu zote mlizokwisha kununua. Nimeona baba mzima akilia kwenye simu kwa sababu hiyo, alikuwa anadai dola 4.

Kutoka: Mama Pacha. Jumapili, saa 10 jioni

Dada, umejuaje! Nimepiga. Jaribio la bei kamili hawalioni kabisa, wanaona zile pauni 1 tu. Na simu haikulia.

Tumehama kutoka Coventry mwezi wa nne. Benki bado ilikuwa na anwani ya Coventry, barua zao zinakwenda kwa mpangaji mwingine huko. Nimebadilisha leo kwenye programu yao, ikakubali palepale. Nikasubiri kama Babu alivyosema, nikajaribu mara moja.

Imegoma tena.

Kutoka: Babu wa Rotterdam. Jumapili, saa 11 jioni

Swali dogo. Hiyo akaunti ya duka, si ya benki, mliifungulia wapi?

Kutoka: Mama Pacha. Jumapili, saa 11 jioni

Ah. Muscat. Baba yao alikuwa na mkataba kule, pacha walikuwa na miaka saba. Nimeingia sasa hivi kwenye wasifu wa akaunti: nchi, Oman. Na bei zote ziko kwa dola. Nimekuwa nikizitazama hizo dola tangu jana, nikidhani ndiyo desturi ya duka!

Kutoka: Babu wa Rotterdam. Jumapili, saa 12 jioni

Basi mgonjwa ni akaunti, kadi zenu zote mbili ni nzima. Tarakimu za mwanzo za kadi zinasema imetolewa na benki gani na ya nchi gani, kwa hiyo mashine inaona kadi ya Uingereza imekuja kulipia akaunti ya Oman. Anwani ya Leicester huwezi hata kuiandika vizuri kwenye fomu ile, kwa sababu nchi imeshachaguliwa.

Sheria zinatofautiana. Nintendo wanakuruhusu kubadilisha nchi kwenye wasifu, ila salio uliloweka lazima kwanza liishe. Steam nchi hufuata njia ya malipo: ukishahamia kweli, unalipa kwa kadi ya nchi mpya na duka linahama nawe, lakini si zaidi ya mara moja katika miezi mitatu. PlayStation nchi uliyochagua siku ya kufungua akaunti haibadiliki tena. Angalia lako ni la namna gani.

Na vijana watakaokwambia tumia VPN, ile programu ya kujifanya uko nchi nyingine, wafukuze. VPN haibadilishi kadi ilikotoka, na Steam wamepiga marufuku kuitumia kuficha mahali ulipo. Mjukuu wangu alinifundisha ujanja huo kwa fahari kubwa, nikampokonya rimoti.

Ningekuwa mimi, ningefungua akaunti mpya ya Uingereza, yaishe.

Kutoka: Mama Pacha. Jumapili, saa 1 usiku

Babu, haibadiliki, nimejaribu. Akaunti mpya nimewapendekezea pacha. Mmoja amelia. Miaka mitano ya vikombe na magoli iko mle ndani, na gemu za zamani haziwezi kuhama.

Kutoka: Dada wa Minneapolis. Jumapili, saa 9 mchana (kwenu usiku)

Pole yake, naelewa. Hili la nchi liko kinyume pia. Vijana wetu Nakuru na Mwanza hufungua akaunti ya PlayStation ya Marekani kwa kuwa Kenya na Tanzania hazimo kwenye orodha yao, kisha wale wa Nakuru wanakuja na ile kadi ya Visa isiyoshikika ya M-Pesa, GlobalPay, ambayo Safaricom na Visa waliileta 2022. Kadi ni safi kabisa, kwenye Steam bei zinasomeka kwa dola na inalipa. Lakini kwa akaunti ya Marekani, kadi ya Kenya ni mgeni. Halafu wananiomba mimi dada mkubwa namba za kadi yangu! Ninawanunulia vocha za duka lenyewe, zile zenye namba ya kuingiza kwenye akaunti.

Vocha ndiyo jibu lako pia. Hela ikishaingia kwenye salio la akaunti, hakuna wa kuuliza kadi inatoka wapi.

Kutoka: Wa Matrah, Muscat. Jumatatu, saa 2 asubuhi

Assalaam aleikum jamaa zangu. Hapa kwetu vocha hizo zinauzwa kwenye maduka ya simu na ya vifaa vya umeme. Lakini, bibiye, tahadhari moja. Muuzaji atakutolea ya Saudia au ya Imarati, atakwambia zote Ghuba, zote sawa. Si sawa. Iwe imeandikwa Oman. Ukiingiza ya nchi nyingine akaunti itaikataa, na vocha iliyokwisha kukwanguliwa muuzaji hairudishi. Una mtu wako hapa?

Kutoka: Mama Pacha. Jumatatu, saa 3 asubuhi

Waaleikum salaam. Ninaye wifi yangu, Al Khuwair. Bei wameandika dola 69.99.

Kutoka: Wa Matrah. Jumatatu, saa 3 asubuhi

Hakuna ya 69.99. Akate ya 50 na ya 20. Akwangue polepole kwa sarafu, asitumie kisu, nimeshaharibu moja. Apige picha, akutumie wewe tu, asiweke kwenye kundi la familia. Anayeiona ile namba kwanza ndiye mwenye hela.

Kutoka: Babu wa Rotterdam. Jumatatu, saa 4 asubuhi

Na usinunue kwa mtu wa mtandaoni anayeuza vocha ya 50 kwa 35. Nyingi ya hizo zimenunuliwa kwa kadi za wizi, na mwenye kadi akidai hela yake, wewe ndiye unayenyang'anywa salio.

Kutoka: Mama Pacha. Jumatatu, saa 2 usiku

Wifi alitoka kazini akapitia dukani. Vocha ya 50 iliingia mara ya kwanza. Ya 20 ilikataa, moyo ukanishuka, kumbe ile niliyoisoma 8 ni B. Wifi nimemlipa kwa kutuma mimi hela ya chakula cha mama mkwe Dodoma, ambayo ilikuwa zamu yake kutuma mwezi huu, tumelipana bila benki yoyote.

Gemu linapakua, limefika asilimia 11. Pauni zile mbili zimeachiwa, Dada, kama ulivyosema. Asanteni sana wote, na Babu shikamoo tena.

Kwenye akaunti imebaki senti 1. Tangu saa moja wanagombana ni ya nani.