Korosho: haki ya kukataa bei inatujenga au inatuchelewesha?

Wakuu, naanzisha mjadala na upande wangu nautaja mapema: haki ya mkulima wa korosho kukataa bei mnadani isiguswe, hata ikichelewesha malipo.

Wanaotaka ifutwe wanasema mkulima hajui soko la dunia. Akikataa leo, wiki ijayo bei inashuka. Inatokea, sibishi. Lakini aliyehudhuria minada ya sanduku (wanunuzi wanatumbukiza bei zao sandukuni) anakumbuka: barua za wanunuzi zinafunguliwa mbele za watu, tani na bei zinasomwa kwa kipaza sauti, halafu uwanja mzima unabishana. Huyu anataka auze alipe deni la salfa, dawa ya mikorosho, jirani yake anasema kwa bei hiyo hata palizi hairudi. Tangu msimu wa 2024 bei zinaonekana kwenye skrini kupitia TMX, Soko la Bidhaa Tanzania, ila swali ni lilelile: tunauza, hatuuzi?

Oktoba 2018 wakulima walisema hatuuzi. Novemba Serikali ikatangaza kununua kwa 3,300 kwa kilo, jeshi likasomba mzigo. (Malipo ya wengi yakakawia, na hapo hakuna aliyeulizwa.)

Sasa tazameni gesi. Desemba 2012 watu waliandamana Mtwara mjini kupinga bomba la kwenda Dar es Salaam. Hapakuwa na kikao ambacho "hapana" yao ingehesabiwa. Tarehe 22 Mei 2013, bajeti ya nishati ikisomwa bungeni, mji ukawaka, nyumba zikachomwa. Bomba likajengwa vilevile, likazinduliwa 2015. Watu ni walewale wa korosho. Mnadani hawarushi mawe kwa sababu wakikataa, mzigo hauondoki ghalani.

*Mchangiaji, Nanyumbu:* Mkuu, umeiruka kangomba, yaani ununuzi wa korosho kwa magendo nje ya mnada. Anayekataa bei ana akiba ndani. Mjane mwenye magunia mawili, mtoto anaingia kidato cha kwanza Januari, ameshauza kichochoroni kwa bei ya kutupa kabla mnada haujafunguliwa. Yeye "hatuuzi" yake ataisemea wapi?

*Mwanzisha mada:* Hii ni nzito kuliko ile ya soko la dunia. Basi chama cha msingi cha ushirika kimpe malipo ya awali korosho ikishapokelewa ghalani, ili naye aweze kukataa. Mwenye kujua chama kinachofanya hivyo atueleze: riba kiasi gani, na bei ikishuka hasara inabebwa na nani?