Dessert ya matunda bila mashine, mbona yangu imekuwa jiwe?

Swali:
Jamani joto limezidi nataka niwatengenezee watoto kitu cha baridi cha matunda, mashine ya aiskrimu sina, nina blenda na friza basi. Juzi nimesaga tikiti maji nikamimina kwenye bakuli nikaliacha usiku kucha, asubuhi kijiko hakiingii kabisa. Sukari sikuweka maana tikiti lenyewe lilikuwa tamu. Nimekosea wapi?

Jibu 1:
Pole sana. Tikiti zaidi ya asilimia 90 ni maji, sasa maji yakiganda bila kitu lazima yawe jiwe. Sukari kazi yake sio utamu tu, ndo inayozuia maji yasigande yote. Weka kama vijiko 4 vya chakula kwa nusu kilo ya tikiti, kamulia ndimu, onja, iwe tamu kuzidi unavyopenda kwa sababu ikishakuwa ya baridi ulimi hauusikii utamu vizuri. Afu mimina kwenye trei pana sio bakuli refu, kila nusu saa toa ukwangue kwa uma, anzia pembeni maana ndo kunakotangulia kuganda, baada ya masaa kama 3 unapata chengachenga safi. Ukienda kulala ukaiacha ndo hivyo tena.

Jibu 2:
Mi nasema ndizi, tena zile zimeiva mpaka zina madoa meusi. Menya kwanza (ukigandisha na ganda lake kulitoa ni shughuli), katakata, tandaza visigusane, vilale kwenye friza. Kesho yake saga. Mwanzo itakuwa kama mchanga na utadhani imeshindikana, zima, shusha vya pembeni na kijiko, washa tena, usikate tamaa maana ghafla inalainika yenyewe kama krimu, bila maziwa bila sukari. Embe ukichanganya humo ni balaa! Kama blenda haina nguvu acha vipande nje dakika 5 kwanza.

Muuliza swali:
Asanteni sana, ndizi naziweka leo leo. Na lile jiwe la tikiti nitupe?

Jibu 1:
Usitupe! Liache nje lilegee, likatekate, rudisha kwenye blenda na sukari na ndimu, wape watoto hapo hapo kwenye glasi.