MJADALA: Daktari wa Hævnen alifanya sawa kumtoa Big Man kwa wenye hasira?

Wadau naomba tulijadili hili. Hævnen ni muvi ya Denmark ya Susanne Bier, ya 2010, ikabeba Oscar 2011 kama muvi bora ya lugha ya kigeni. Daktari Anton anatibu kwenye kambi ya wakimbizi Afrika, na kuna mbabe wa kivita Big Man anayepasua wajawazito matumbo. Siku huyo Big Man analetwa na kidonda cha mguu Anton anamtibu japo kambi nzima imenuna, halafu jamaa anaikejeli maiti ya binti, Anton uzalendo ukamshinda akamburuta nje na watu wakamuua palepale.

Wengi mnasema safi, alistahili. Mi napinga, na sio kwamba namhurumia Big Man, simhurumii kabisa.

Angalieni yanayotokea kule Denmark. Dogo Christian kafiwa na mama kwa kansa, shule mpya anamkuta Elias, mtoto wa Anton, anaonewa kila siku na walimu wanaleta habari za wazazi wake kutengana. Christian akamtwanga mwonevu kwa pampu ya baiskeli akamtishia na kisu, na uonevu ukakoma! Hapo ndo pabaya jamani, kisasi cha kwanza kilimlipa, nani tena angemwambia aache? Baadae fundi magari Lars akamzaba Anton kibao mbele ya watoto, Anton akarudi gereji nao kuonyesha haogopi, akazabwa tena, akasema aliyeshindwa ni Lars. Watoto waliona baba kapigwa, basi. Wakatengeneza bomu kwa baruti ya fataki wakalipua gari la Lars, na aliyeumia ni Elias, alikimbia kuwazuia mama na bintiye waliokuwa wanafanya jogging. Lars mwenyewe hakuguswa.

Sasa Anton tofauti yake na hao watoto ni nini? Yeye ni mbaya zaidi maana ni daktari, kuanzia siku ile kila mgonjwa pale kambini anajua daktari akikasirika anaweza kukutoa nje ufe. Angemaliza kumtibu akawaita watu wake wamchukue.

Mtasema kambini hapakuwa na polisi wala mahakama, nawaelewa, ila Denmark vyote vilikuwepo na gari lililipuliwa vilevile. Leteni hoja, hasa nyie mnaomtetea daktari.