Kiwanda kilikufa kwa serikali, kikafa tena kwa mwekezaji: tatizo liko wapi hasa?

Binti wa Iyunga:

Kamwene wote, wakubwa shikamooni. Mi nipo Mbeya, nyumbani ni Iyunga, kila asubuhi nikienda kazini napita kwenye mageti ambayo mzee wangu alikuwa ananisimulia zamani king'ora kikilia watu wanamiminika kuingia zamu mpaka barabara inajaa. Yeye alifanya kazi kiwanda kimoja cha umma (jina naliacha) toka mwishoni mwa miaka ya sabini, kilipobinafsishwa akapunguzwa, mwekezaji akaja akakaa muda mfupi tu, mashine zikang'olewa zikaenda kama chuma chakavu, geti likafungwa mpaka leo. Mzee ametangulia mbele za haki na mafao yake hajayaona yote.

Sasa swali langu. Hapa mtaani ukianzisha hii mada watu wanagawanyika palepale, wengine wanasema serikali haijui biashara iuze kila kitu, wengine wanasema tulikuwa na mashirika ya umma zaidi ya 400 tukayagawa bure. Mi siwaelewi wote kwa sababu kiwanda cha mzee kimekufa mara mbili, kwa serikali na kwa mtu binafsi. Halafu kiwanda cha karatasi cha Mgololo kule Mufindi kilisimama kikiwa cha serikali, kikafufuka kilipouzwa. Benki ya NMB nayo serikali bado ina hisa na inaenda vizuri tu. Na sasa TAZARA, reli yetu na Zambia, inaenda kwa Wachina. Kwa hiyo kinachoua shirika ni nini, na sisi tunaoishi kwenye hii miji safari hii tuangalie nini? Naomba wenye uzoefu wa ndani, sio mambo ya vyama.

Mhasibu Mstaafu (Iringa):

Marahaba mwanangu, pole sana kwa mzee. Nimefanya kazi ya uhasibu kwenye mashirika mawili ya umma huku nyanda za juu, nimeingia kijana nimetoka na mvi, hivyo nitakuambia nilichokiona kwenye vitabu.

Bei ya bidhaa zetu hatukuwa tunapanga sisi, kulikuwa na Tume ya Bei toka miaka ya sabini mwanzoni, unapeleka gharama zako Dar unasubiri, wakati unasubiri gharama zinapanda, wakikujibu bei waliyokupa tayari ni hasara. Spea zilitaka dola na dola zilitaka kibali, mashine ya mamilioni inasimama wiki na wiki kwa ajili ya beringi moja ambayo unaifunika kwenye kiganja. Wateja wetu wakubwa walikuwa idara za serikali na mashirika mengine, wanachukua mzigo na kulipa hawalipi, na huwezi kuwanyima kwa sababu simu inapigwa. Kuajiri vilevile, kimemo kinakuja na kijana amekishika mkononi, utamrudishaje? Juu ya hapo shirika linaendesha zahanati, nyumba za wafanyakazi, basi, timu ya mpira. Sisemi vilikuwa vibaya, watoto wangu wametibiwa kwenye hiyo zahanati, ila hakuna sehemu yoyote kwenye vitabu iliyoandikwa hii ni kazi ya taifa na fulani atailipia. Vyote vilikuwa vinaliwa humohumo kwenye mtaji wa kuendeshea.

Na tukiishiwa tunaenda NBC. Benki ya umma inalikopesha shirika la umma, wote wanajua halirudishi, mwakani tunaenda tena. Mchumi mmoja wa Hungary, János Kornai, aliyachambua haya kwenye nchi za kijamaa za Ulaya, kwamba shirika likijua kuna mtu atalilipia kila mwaka linaacha kuogopa hasara. Mwisho wake NBC yenyewe ikalemewa na madeni mabovu, 1997 ikagawanywa, NMB ikatokea hapo.

Kwa hiyo kifo cha kwanza cha kiwanda cha mzee wako mi nakiona hivi, sio kwamba mwenye mali alikuwa serikali. Ni kwamba meneja hakuwa na ruhusa ya kusema hapana kwa mtu yeyote. Hapana kwa kimemo, hapana kwa mteja asiyelipa, hapana kwa bei ya hasara. Na yeye vilevile hakuna aliyekuwa anamwambia hapana.

Kifo cha pili ni habari nyingine. Wakati wa ubinafsishaji, ile tume ya PSRC toka 1993 kuendelea, viwanda vingi viliuzwa kwa watu ambao thamani waliyoiona ni kiwanja, mabati na chuma. Mkataba unasema atafufua uzalishaji, nani anakuja kukagua mwaka wa pili? Linganisha na Mgololo. Kile kiwanda kilianza 1985, kimejengwa kwa mikopo ya Benki ya Dunia na wafadhili wengine, uwezo wake tani 60,000 za karatasi kwa mwaka, kikubwa kuliko soko letu la wakati ule na kilitegemea madawa ya kutoka nje, miaka ya tisini kikasimama. 2004 kikachukuliwa na kundi la Rai la Kenya, watu ambao mbao na karatasi ndio kazi yao na soko wanalo. Ila zingatia hapa, msitu wa Sao Hill haukuuzwa, umebaki wa serikali. Kwa hiyo hata huko kupona kumetokana na pande mbili kila mmoja kushika anachokiweza.

Mbarali Damu:

Mzee wangu shikamoo, umeongea vizuri ila nataka niongeze kitu ambacho watu wa viwandani huwa mnakisahau, ARDHI.

Huku kwetu mashirika yalikuwa mashamba. Shamba la Mbarali Wachina walitusaidia kulijenga miaka ya sabini, mifereji ile ukiiona mpaka leo unajua kazi ilifanyika, na Kapunga lilikuwa la NAFCO vilevile, lile shirika la serikali la mashamba makubwa. Ubinafsishaji ulipokuja Kapunga likauzwa 2006, hati ikasoma hekta 7,370 na ndani yake zimo hekta 1,870 ambazo ni kijiji cha Kapunga, yaani watu na makaburi yao wakajikuta wapo ndani ya hati ya mwekezaji. Mgogoro umekula miaka. Watu wamelima kwa wasiwasi, wengine wakawa wakodishaji kwenye majaruba waliyoyazoea kama yao, watoto wamezaliwa na kukua wazazi wao wanazungumzia mpaka huohuo.

Sasa uliuliza tuangalie nini, mi nakuambia angalia ramani. Kabla hujauliza mwekezaji ni Mchina au Mhindi au Mswahili mwenzetu, uliza mpaka wa kinachotolewa unapita wapi, nani alitembea na wazee wa kijiji akaweka bikoni. Shirika likiwa la umma watu wanaishi pembeni yake kwa mazoea, wanachunga, wanachota maji ya mfereji, hakuna karatasi. Siku likiuzwa mazoea hayapo kwenye mkataba na anayeumia ni yule ambaye hakuwahi kukaa kwenye kikao chochote.

Transit Tunduma:

Nipo barabarani kati ya Dar na Zambia zaidi ya miaka kumi kwa hiyo TAZARA naijua kwa jicho la mpinzani wake, maana mzigo usiopanda treni ndio ninaobeba mimi.

Hiyo reli ni kilomita 1,860 toka Dar mpaka Kapiri Mposhi, ilijengwa 1970 mpaka 1975 kwa sababu Zambia ilikuwa imezibwa njia ya kusini, shaba itapita wapi? Uwezo wake ni tani milioni mbili kwa mwaka na haijawahi kufika hata siku moja, ila mwishoni mwa sabini walibeba zaidi ya milioni moja. Mwaka 2014/15 walibeba chini ya tani laki moja. Laki moja jamani! Makosa sio ya dereva wa treni. Afrika Kusini ilipofunguka mzigo ukapata njia nyingine, migodi ya Zambia ikabinafsishwa kwa hiyo mwenye shaba akawa anachagua mwenyewe apitishe wapi, barabara ikawa nzuri, na injini za reli zikawa zinachakaa hazibadilishwi.

Halafu uongozi. Shirika lina mabosi wawili, serikali mbili nusu kwa nusu, baraza la mawaziri wa huku na wa kule, sheria yake imekaa miaka yote ikisema mkurugenzi mkuu atoke Zambia na naibu wake Tanzania, yaani kwanza pasipoti halafu ndio uwezo. Likitakiwa pesa kila upande unamwangalia mwenzake atoe kwanza. Mzee hapo juu kasema meneja hawezi kusema hapana, huku hata ndiyo ilikuwa ngumu kupatikana.

Ndio maana mi binafsi sikuumia Tanzania, Zambia na China waliposaini makubaliano ya kuifufua reli hiyo Beijing September 2024, na mwaka 2025 ukaja mkataba na kampuni ya Kichina CCECC wa dola bilioni 1.4 wa miaka 30. Angalau kuna mtu mmoja wa kuulizwa. Maroli yamejazana, Tunduma foleni unalala siku tatu, mzigo mzito wa shaba kwa kweli ni wa reli.

Mbarali Damu:

Kaka Transit hapo kwenye mtu mmoja wa kuulizwa, anaulizwa na nani? RITES ya India ilichukua reli ya kati 2007 kwa asilimia 51, mkataba wa miaka 25, haikumaliza hata mitano serikali ikairudisha. City Water, ile kampuni binafsi ya maji ya Dar, 2003 mpaka 2005 kwisha. Wote walikuwa mtu mmoja wa kuulizwa. Na treni ya abiria je? Kipande cha Makambako mpaka Mlimba kuna vijiji treni ndio barabara yao, mjamzito anapanda hiyo. Shaba inalipa, yule mama halipi. Mwekezaji akiifuta hiyo treni utamlaumu kwa lipi kama haijaandikwa?

Hesabu za Soweto (Mbeya):

Hapo umegusa penyewe. Mi nafanya kazi za ukaguzi wa mahesabu, na hilo la treni ya abiria nchi nyingi zinalimaliza kwa njia moja ya kawaida sana: serikali inaandika kabisa, nataka treni mbili kwa wiki, gharama yake ni hii, nakulipa mimi kila robo mwaka. Ikishaandikwa ndio unaweza kujua hasara ya shirika ni uzembe au ni huduma. Bila hivyo hujui. Chukua ATCL, shirika letu la ndege, ripoti ya CAG, yule mkaguzi mkuu wa hesabu za serikali, ya 2022/23 imeonesha hasara ya shilingi bilioni 56 na kitu, watu wakaanza kubishana, mmoja anasema ifungwe mwingine anasema inaleta watalii na inatufikia Songwe. Wote wanaweza kuwa sahihi na huwezi kuamua, kwa sababu safari za kibiashara na safari za kihuduma zimechanganywa chungu kimoja.

Dada ameuliza NMB. Serikali ina asilimia 31.8 hivi, Rabobank na wenzake waliingia 2005, 2008 hisa zikaenda soko la Dar. Uzuri ni kwamba serikali inakaa pale kama mwenye hisa, inasubiri gawio, mahesabu yanatoka kila robo mwaka kila mtu anasoma, na waziri hawezi kupiga simu mkopo utoke. Mali ileile iliyokuwa inakufa ndani ya NBC. Singapore walifanya hivi mapema, 1974 wakaanzisha Temasek ishike hisa za serikali ili wizara zishughulike na sera. Hapa kwetu kazi hiyo ni ya Msajili wa Hazina, na June 2025 alikabidhi gawio na michango trilioni 1.028, ni hatua kubwa, mi nimefurahi. Ila bado mwenyekiti wa bodi anateuliwa na Rais na wajumbe na waziri, na bodi ikimaliza muda wake shirika linaweza kukaa miezi halina bodi. Meneja anafanya nini hapo? Anaogopa tu.

Chai Tukuyu:

Nichangie kwa ufupi. Rungwe viwanda vya chai vya Katumba na Mwakaleli vilipobinafsishwa wakulima wadogo tulipata hisa kupitia chama chetu. Sio kwamba shida zimeisha, bei ya jani bado inatuliza, lakini tuna mtu wetu kwenye bodi anayeona vitabu na anarudi kutuambia. Hiyo ndio tofauti na wenzetu ambao walisikia kiwanda kimeuzwa redioni.

Binti wa Iyunga:

Asanteni mno, nimesoma mara mbili. Mhasibu hapo kwenye beringi nimemkumbuka mzee wangu, alikuwa anasema hilohilo na mi nilidhani ni hadithi. Sasa naomba mnisaidie hili, mama ana bahasha ya mzee, kuna barua ya kuajiriwa, ya kupunguzwa, na hati za mshahara chache. Bado kuna pa kupeleka?

Mhasibu Mstaafu (Iringa):

Ipo mwanangu. PSRC ilipofungwa mafaili yake yalienda Consolidated Holding, na ile nayo ilipofungwa yakaenda kwa Msajili wa Hazina, kwa hiyo barua iandike kwake. Ambatisha nakala ya barua ya kupunguzwa na namba yake ya mwanachama kwenye mfuko wa pensheni, enzi zile ilikuwa PPF, sasa ni PSSSF, ofisi zao Mbeya wapo. Na awepo msimamizi wa mirathi aliyeteuliwa na mahakama, bila hapo watakurudisha mlangoni. Hati halisi msimpe mtu yeyote, toeni kopi tu. Ukikwama sehemu uandike hapahapa, wenzangu niliostaafu nao wameshapita hiyo njia.